Akina Mama Watatu Wanaozima Simu

Mtaani walimwita Bwana Mizani, na jina hilo alijitafutia mwenyewe. Alipopata kazi serikalini aliambiwa asimwambie mtu yeyote kazi yenyewe ni ipi. Basi jirani wa kwanza aliyemuuliza akamjibu kwamba yuko Idara ya Mizani na Vipimo. Alidhani jibu hilo litamaliza mazungumzo, kumbe ndiyo kwanza limeyaanzisha. Wanawake wa mtaa wakawa wanamletea sukari mlangoni awaambie kama wamepunjwa. Mwenye duka naye akawa anamsalimia kwa kuinama, na akimpimia unga anazidisha kiganja kizima. Mwishowe ilibidi anunue mizani ndogo ya shaba, aiweke sebuleni juu ya kabati na ajifunze kuitumia, maana uongo ukishauzaa huna budi kuulisha.

Kazi yake ya kweli ilikuwa kusikiliza. Alikaa ghorofa ya juu ya jengo lisilo na kibao, katika chumba chenye mapazia mazito na feni yenye kulalamika, vipokea sauti vikiwa masikioni tangu asubuhi hadi jioni, akifuatilia simu za watu. Hakuwa mtu mbaya. Aliwahi kusikia kwa masikio yake wahuni wakipanga kumteka mtoto wa shule, na mtoto yule akarudi kwao salama akidai chakula, bila kujua kwamba nusura asirudi. Siku hiyo Bwana Mizani alikwenda nyumbani kwa miguu, akiwatazama wapita njia kama mchungaji anavyolitazama zizi lake. Tangu hapo mtu akilalamika mbele yake kwamba serikali inatega sikio kwenye simu za wananchi, yeye humjibu kwa upole kwamba asiye na la kuficha ataogopa nini.

Ofisi ile ilikuwa na taratibu zake. Wanaosikilizwa hawakuitwa kwa majina yao. Walipewa majina ya ndege, ili msikilizaji asije akawazoea. Tena msikilizaji akikuta sauti ya ndugu yake, alitakiwa anyanyue mkono, avue vipokea sauti, na faili liende meza ya pili. Utaratibu mzuri, ila meza ya pili kutoka kwa Bwana Mizani alikaa mwenzao waliyemwita Redio, kwa sababu kilichoingia sikioni mwake kilitokea mdomoni kabla ya saa ya chai.

Kila Jumapili Bwana Mizani alikwenda kula chakula cha mchana kwa mama yake. Mama alikuwa mkunga mstaafu na mjane, mwanamke mwenye mikono mikubwa na maneno machache. Baada ya kula, mwana alizoea kuegemea kiti, kufungua kishikizo kimoja cha shati na kumshauri mama kwa sauti ya mtu anayejua zaidi ya anavyoruhusiwa kusema. Simu, alimwambia, si kitu cha kukalia nacho ukapiga soga. Mazungumzo yawe mafupi. Jambo la maana lisizungumzwe simuni kabisa, bali waite wenzako muonane uso kwa uso. Mkikutana, simu mzizime, si kuzilaza kifudifudi. Msizoee nyumba moja. Na mwenye akili huwa na laini nyingine pembeni.

Mama alimuuliza siku moja mambo hayo yanahusiana vipi na mizani. Mwana akakohoa, akasema mtu wa mizani husikia mengi.

Yalikuwa majivuno tu, kama mpishi wa hoteli anayeshindwa kula kwa watu bila kuusema mchuzi. Lakini majivuno nayo ni mbegu, na huota pasipotarajiwa.

Pale ofisini palikuwa na kompyuta iliyokuwa ikichagua watu kwa mwenendo wao, si kwa maneno yao. Asubuhi moja ikatema kundi jipya. Simu za kundi hilo zilikuwa fupi, hazikutosha hata kumenya kitunguu. Laini zilibadilishwa. Kila Jumamosi wenyewe walikutana, leo nyumba hii, wiki ijayo nyumba ile, na walipokutana tu, simu zao zote zilizimika kwa pamoja.

Mkuu wa ofisi aliingia akisugua viganja. Alikuwa mfupi wa kimo na mrefu wa maswali, na juu ya kiti chake alikuwa ametundika methali iliyoandikwa kwa wino mwekundu: mficha maradhi, kifo humuumbua.

"Hawa si watu wa kawaida," alisema. "Mwenendo huu haufundishwi sokoni. Kuna fundi aliyewafunza, na huyo fundi ndiye ninayemtaka."

Redio, ambaye alikuwa na kipaji cha kubatiza, akawapa majina: Kware, Korongo na Chiriku. Faili likaenda kwa Bwana Mizani kwa kuwa ndiye mvumilivu kuliko wote. Akavaa vipokea sauti, akajiweka sawa, akabonyeza.

"Shoga," alisema Kware, "uko peke yako?"

Ilikuwa sauti iliyomwita kuoga utoto wake wote. Bwana Mizani alikaa wima na kujifuta mdomo, kama mtu aliyekutwa anadokoa chunguni. Kisha yale maneno ya Mkuu juu ya fundi yakamrudia, na fundi huyo alimjua vizuri sana. Asubuhi ile alikuwa amemnyoa ndevu kwenye kioo.

Mkono wake ulinyanyuka wenyewe, kama utaratibu unavyotaka. Ulipofika usawa wa sikio, Redio aliinua macho kutoka meza ya pili, macho ya mtu aliyesikia sufuria inafunuliwa. Mkono ukapitiliza kichwani, ukajikuna, ukarudi mezani.

Basi akasikiliza. Mwanzoni aliogopa kwamba mama ameingia siasa uzeeni. Korongo alimtambua: ni Mwalimu, mama mstaafu aliyesomesha nusu ya mji, mwenye sauti nzito ambayo watu wasiomjua huijibu "ndiyo, bwana." Chiriku alikuwa yule mama anayeuza miche ya maua kando ya barabara. Wote watatu walizungumza kwa kukatakata. Mwanangu asijue. Akijua mapema ataharibu. Jumamosi, kwako safari hii. Hayo yakaendelea siku kadhaa, mpaka Mwalimu alipochoka na adabu za simu.

"Bibi wewe," alimwambia Kware, "utaolewa lini kama unamwogopa mtoto uliyemzaa mwenyewe?"

Bwana Mizani alivua vipokea sauti, akavitazama, akavivaa tena. Mama anaolewa. Na mwenyewe mwoaji, ilivyojitokeza kidogo kidogo, alikuwa fundi saa wa kibanda cha karibu na posta, mjane mwenzake, mzee mtaratibu mwenye miwani. Bwana Mizani mwenyewe alikuwa amempelekea saa yake mwezi uliopita na akamsifu kwa watu kwamba ni mwaminifu. Kumbe wakati anasubiri saa yake irekebishwe, mzee yule alikuwa akirekebisha mambo yake mwenyewe.

Kilichomuuma hakikuwa ndoa. Baba alikuwa amefariki zamani, na mama alikuwa na haki ya kupata mtu wa kunywa naye chai. Kilichomuuma ni kwamba amefichwa. Miaka yote alisema asiye na la kuficha haogopi, na sasa mtu aliyefichwa ni yeye, na aliyeficha ni mama yake, ambaye hakuwa na dhambi yoyote. Mkuki kwa nguruwe, kwa binadamu mchungu.

Tena aliyasikia mengine. Alisikia mama akimwambia muuza miche kwamba mwanawe ni mtu mwema, ila ana sherehe kubwa kwa mambo madogo. Ukimwambia pua inakuwasha atakuuliza imeanza lini na nani mwingine anajua. Muuza miche akacheka mpaka simu ikamponyoka. Bwana Mizani alitakiwa kuandika kila neno. Aliandika: mazungumzo ya kawaida ya wazee, maradhi ya umri, hasa magoti.

Mkuu alisoma taarifa ya kwanza akaguna. Ya pili akaisoma amesimama. Ya tatu akaiweka mezani taratibu, kama mtu anayeweka yai.

"Magoti tena," alisema. "Mwenye goti bovu hatembei kila Jumamosi nyumba tofauti. Na goti halizimiwi simu."

Bwana Mizani alijaribu kusema kwamba hao ni vikongwe tu. Mkuu hakukasirika. Alimweleza kwa utulivu kwamba hata yeye hapendi kuwasumbua wazee, ana mama pia, lakini wabaya hawaji wamevaa kibao shingoni. Kesho soko likilipuka, je, Bwana Mizani atakwenda kwa wafiwa na kuwaambia kwamba aliheshimu faragha? Swali hilo halikuwa la kipumbavu, na Bwana Mizani alilijua hivyo, kwani mara nyingi yeye ndiye aliyewauliza wengine. Mkuu akamaliza kwa kusema kwamba Jumamosi watavamia, na kwamba kikao cha safari hii kiko nyumbani kwa Kware. Redio akadakia kuwa kama mwenzake amechoka, faili alete, yeye yuko tayari.

Bwana Mizani hakulala vizuri wiki ile. Alitazama kila njia na kila njia ilikuwa na mwiba. Akinyanyua mkono, Redio atalichukua faili, na posa ya mama yake itajulikana mji mzima kabla mwenyewe hajafungua kinywa. Akinyamaza, vijana wenye viatu vizito watavunja mlango wa mkunga mbele ya majirani aliowazalisha. Akimwonya, mama atajua kwamba mwanawe alikuwa amekaa ndani ya sikio lake siku zote hizo, na mama yule si mtu wa kusamehe kwa kuombwa mara moja. Mke wake alimuuliza kuna nini. Akamjibu kuna kasoro katika vipimo. Mke akageukia ukutani akasema vipimo visivyomlaza mtu basi ni vya homa.

Hatimaye aliona afadhali hasira za mama kuliko viatu vya vijana. Akamwomba Mkuu amruhusu yeye atangulie kuikagua nyumba kwa siri, na Mkuu akakubali, akamsifu kwa moyo wa kazi.

Jumamosi alasiri akaenda, mizani yake ya shaba ikiwa ndani ya mfuko ili akiulizwa awe na la kusema. Maneno alikuwa ameyapanga: Mama, nisamehe, wapeleke wageni wako nyumbani, nitakueleza baadaye. Alifika getini, akasukuma, akapita kwenye kijia cha kokoto mpaka barazani. Alikuwa amekwisha nyanyua ngumi abishe mlango, aliposikia kutoka dirisha la nyuma sauti ya mwanamume ikikohoa. Ilikohoa kikohozi kikavu cha heshima. Alikijua kikohozi kile. Kilikuwa chake.

Mtu mwingine angebisha hodi. Lakini mtu aliyekula mshahara wa kusikiliza kwa nusu ya maisha yake, miguu yake ina akili yake. Ilimzungusha nyumba, ikampitisha kwenye kamba ya nguo, ikamchuchumalisha kati ya ukuta na tangi la maji, chini ya dirisha lenye pazia lisilofunga vizuri.

"Mama," ilisema ile sauti nzito, "jambo lako nimelipokea. Lakini je, tumelitazama kwa pande zote?"

"Kukohoa bado," alisema muuza miche. "Yeye hakohoi hivyo. Hukohoa kama mtu anayetaka mwenyekiti amwone."

Ile sauti ikakohoa upya, na safari hii hata Bwana Mizani alikiri moyoni kwamba imepatia.

Alichungulia. Kwenye kiti anachokalia yeye kila Jumapili alikuwa amekaa Mwalimu, ameegemea, amefungua kishikizo kimoja cha gauni, ameshika kipande cha sabuni kiganjani na kukisuguasugua kwa kidole gumba kama mtu anayesoma ujumbe simuni. Mbele yake alisimama mama, mikono ameikunja tumboni mithili ya mwanafunzi aliyeitwa ofisini. Hapo ndipo Bwana Mizani alipotambua vikao vyote vile vilikuwa vya nini. Wiki baada ya wiki, nyumba baada ya nyumba, simu zikiwa zimezimwa kama alivyofundisha, mama yake alikuwa akifanya mazoezi ya kumwambia.

"Mwanangu," alianza mama, "tangu baba yako atutoke..."

"Ehe," alisema Mwalimu, macho kwenye sabuni.

"...nimekuwa peke yangu, na sasa kuna mtu..."

"Ehe, nakusikia mama, endelea tu." Kidole kikasugua sabuni. Mwalimu akaitazama kwa karibu, akatabasamu na sabuni, akaiandikia jibu.

Muuza miche aliteleza kutoka kwenye kigoda. Mama akashusha mikono, akasema amwache kwanza, sasa amesahau alipofikia. Mwalimu akajibu kwa sauti yake mwenyewe kwamba hata huyo mwana mwenyewe atamsahaulisha vilevile, kwa hiyo ni bora azoee.

Bwana Mizani alihisi masikio yakiwaka. Wakati wa kubisha ulikuwa ndio huo. Vijana walikuwa njiani. Lakini hakuna mtu awezaye kuacha katikati mchezo unaomhusu mwenyewe, na ukweli ni kwamba alitaka kujua kama huyo Bwana Mizani wa ndani angekubali au angekataa. Akasogea karibu zaidi na dirisha.

Mkono ukamgusa bega. Alikuwa Mkuu, tai ameilegeza, kiatu kimoja kina majani ya bustani. Alikuwa ameliacha gari na vijana kwenye kona ili ajionee kwanza. Hakuuliza kitu, naye alikuwa na miguu yenye akili yake. Akachuchumaa kando, akatega sikio, na wakawa wawili, mabega yamegusana, kama kuku wanaoatamia.

"Mama, ndoa ni jambo jema," ilisema sauti ya ndani, "ila lina upande wake wa usalama. Huyo mtu amefanyiwa uchunguzi? Ana marafiki gani? Niachie nilifikishe kwa wakubwa."

Mkuu alikunja uso. Sauti ile aliijua. Aliisikia kila Jumatatu kikaoni. Alimtazama msaidizi wake, akatazama dirisha, akamtazama tena.

"Anayeigizwa humo ni wewe?" alinong'ona.

"Ndiyo, Mkuu."

"Na Kware ni nani?"

"Ni mama yangu."

Mkuu alifumba macho. Ndani, Mwalimu alikuwa akieleza kwamba kwa uzoefu wake wa mizani, mtu huanza na gramu moja ya siri akaishia na gunia. Bega la Mkuu likaanza kutikisika. Akauma tai. Akashika bomba la tangi ili asianguke, bomba likafunguka, na maji yakamrukia kuanzia kiunoni hadi magotini. Alipiga yowe ambalo halikuwa na cheo.

Mlango wa nyuma ukafunguliwa. Mama alisimama kizingitini, na nyuma yake Mwalimu, sabuni bado mkononi.

Mkuu alisimama, suruali inachuruzika. Kwa muda wote aliofanya kazi ile hakuwahi kukamatwa, kwa hiyo hakuwa na uzoefu. "Shikamoo, mama," alisema. "Sisi ni wa Idara ya Mizani. Tunakagua matangi."

"Marahaba," alisema mama. "Mnayakagua kwa kuyachuchumalia?" Akamgeukia mwanawe. "Na mizani umeileta. Haya, lipime."

Bwana Mizani alisimama mbele ya tangi lililokuwa kubwa kuliko yeye, na kimizani chake cha shaba kikining'inia mkononi. Hakuna aliyecheka. Akakirudisha kwenye mfuko.

"Nilikusikiliza, mama," alisema. "Simuni. Ndiyo kazi yangu."

"Kazi yako naijua. Mtaa mzima unaijua; mtu wa mizani gani hushindwa kukadiria kilo ya sukari kwa mkono? Nilichokuwa sijui ni kwamba na mimi nimo." Akaunyooshea mtaa mkono. "Kila nyumba unayoiona hapa nimeingia na kutoka. Nimesikia wanawake wakiita majina ambayo si ya waume zao. Umewahi kunisikia nikilitaja hata moja mezani?"

Mkuu aliona ofisi nzima inashitakiwa, akajitetea. Alisema kwa heshima kwamba mama naye atazame upande wao. Simu fupi, laini mbili, nyumba tofauti, wote mnazima kwa wakati mmoja. Hata angekuwa malaika angeshuku. Nani asingefikiri kuna fundi aliyewafunza?

"Fundi yupo," alisema mama. "Alinifunza kila Jumapili baada ya kula, hapo kwenye kiti." Akaonyesha kwa kidevu.

Mkuu aligeuza shingo polepole kumtazama msaidizi wake. Maji yaliendelea kudondoka kutoka kwenye suruali. Mwalimu, kwa wema, akampa ile sabuni.

Kisha mama akamwambia mwanawe, "Toka."

Bwana Mizani alidhani ndiyo mwisho. Aliinama, akashika njia.

"Toka uzunguke mbele, ubishe hodi, uingie kama mtoto anayekuja kumwona mama yake," alisema mama. "Habari yangu bado sijaitoa. Iliibwa tu."

Akawahamishia wageni barazani, Mkuu akiwa katikati ya Mwalimu na muuza miche kama mtuhumiwa. Kabla hawajakaa, Mkuu alimpigia dereva akawarudishe vijana kituoni, kisha arudi kumchukua. Alipoulizwa operesheni imefikia wapi alisema imelowa. Mama akarudi ndani. Walimsikia akifunga dirisha la nyuma, halafu la pembeni, halafu la mbele.

Bwana Mizani alipozunguka na kuwapita pale barazani, wote watatu walitazama kwingine kwa bidii kubwa. Alisimama mlangoni. Koo lilitaka kukohoa, akalizuia.

"Hodi."

"Karibu mwanangu."

Aliingia, akamwamkia, akakaa. Akatoa simu mfukoni, akaizima mpaka kioo kikawa cheusi, akaiweka juu ya kabati mbali na mkono. Mama aliketi, si kusimama kama kwenye mazoezi. Yale maneno yote yaliyopangwa kwa wiki kadhaa hakuyatumia hata moja.

"Kuna fundi saa," alisema. "Anataka tuoane, na mimi nataka."

"Nakusikiliza, mama," alisema Bwana Mizani, na neno hilo likamchoma ulimi. Mama aliona, akacheka kidogo puani, akaendelea.

Alimwambia kwamba fundi saa ana sikio moja bovu. Kila kitu unamwambia mara mbili, na mara nyingine anavua miwani kana kwamba ndiyo inayomzuia kusikia. "Mwanzoni ilinichosha," alisema. "Halafu nikaona kwamba tangu baba yako afe, hakuna mtu aliyewahi kuniomba nirudie nilichosema."

Hilo halikuwamo katika simu hata moja. Bwana Mizani alikuwa amezisikiliza zote, nyingine mara mbili, na hakulikuta. Alishika mikono mikubwa ya mama yake na kuomba radhi. Mama hakuitoa radhi siku hiyo. Alisema itakuja yenyewe ikikomaa, kwa kuwa mtoto avutwaye kwa nguvu hutoka na kasoro. Kisha akasogeza kiti na kumwambia jambo jingine, kwa sauti ya chini, na jambo hilo likabaki kati yao.

Barazani Mkuu alikuwa ameanza kuinamia mlango kidogo kidogo, kama mti unaofuata jua. Mwalimu akamfinya sikio bila kugeuka. Alikuwa amefinya masikio ya vizazi viwili na hakuhitaji kutazama.

Bwana Mizani alitoka macho yamevimba. Aliwaambia akina mama kwamba Jumatatu atakwenda kwa fundi saa, atapita mlango wa mbele, na atamkaribisha nyumbani kwa sauti kubwa. Muuza miche akauliza kama mtoto amekubali, na Mwalimu akajibu kwamba amekubali haraka kuliko yeye alivyomwigiza, yeye alikusudia kumsumbua bibi harusi mpaka mwezi ujao.

"Halafu Mwalimu," alisema Bwana Mizani, "mimi sikohoi hivyo." Akakohoa, na ikawa ni vile vile. Hata mama alicheka, kule ndani.

Gari lilirudi kuwachukua. Mkuu alitandika gazeti kwenye kiti kwa ajili ya suruali yake. Alisema faili la ndege watatu litafungwa, na kwamba Bwana Mizani atajibu barua moja ya onyo kwa kutonyanyua mkono na nyingine kwa kufundisha umma. Bwana Mizani alikubali yote mawili. Wakapita maduka kadhaa.

"Enhe," alisema Mkuu, "mwishoni pale, ulipokawia. Alikuambia nini?"

"Mambo, Mkuu."

"Mambo gani?"

"Yale aliyoniambia."

Mkuu hakuuliza tena. Alifanya kile wanachofundishwa katika kazi yao: alinyamaza, akamtazama mwenzake kwa upole, akangoja kimya kifanye kazi, maana watu wengi hawawezi kukivumilia kimya na mwishowe hukijaza wenyewe. Bwana Mizani naye alikuwa amesoma darasa lile lile. Alinyamaza vilevile, akatazama barabara, mikono juu ya mfuko wa mizani. Gari likapita makutano ya kwanza hakuna aliyetikisa mdomo. Likapita ya pili. Kimya kikajaa mle ndani mpaka vioo vikaonekana kama vitapasuka.

Dereva, kijana wa watu asiyejua lolote, akaanza kuhangaika kwenye kiti. Akakohoa. Akarekebisha kioo. Mwisho uzalendo ukamshinda, akasema kwamba kwa kweli na yeye nyumbani kwake mambo si mazuri, tangu shemeji yake ahamie pale, na mkewe juzi...

"Usituambie, bwana," alisema Bwana Mizani. "Endesha gari."